Nimeshaaga Kila Mtu, na Sijafa

Shangazi, shikamoo. Naomba unisaidie kabla sijafanya ujinga, maana wa nyumbani siwezi kuwauliza. Mimi ni fundi cherehani, na daktari aliponiambia nina saratani ya damu sikusikia lililofuata, kwa sababu fundi aliyenifundisha kazi alikufa kwa ugonjwa huo huo, nilimbeba mgongoni kumpeleka hospitali naye hana uzito, na enzi zile hawakuwa na la kumfanyia zaidi ya kumtuliza maumivu, basi nikajua zamu yangu imefika, nikaanza kuaga. Cherehani yangu nikampa mdogo wangu, ambaye naye ni fundi. Mama mkwe nikamwita nikamwomba msamaha, halafu nikaona nisife na neno moyoni, nikamwambia mchuzi wake una chumvi mno, miaka yote nimeumeza kwa heshima tu. Akalia, tukalia wote.

Sasa Shangazi, sijafa. Nilipewa vidonge, kimoja kila siku baada ya chakula, nikawa nameza ili mke wangu asinung'unike, na mwili ukaanza kurudi, jasho likakata, bandama iliyokuwa imevimba ubavuni ikanywea, na majuzi daktari kapima damu akasema ugonjwa hata kuutafuta ni kazi. Nimefurahi mpaka naogopa. Lakini wageni wakija najifunika shuka na kuongea kigonjwa, maana niliwaliza watu bure, na mama mkwe bado ananiletea mchuzi, sasa hauna chumvi hata chembe. Mikono inaniwasha kwa kazi. Nilichungulia dirishani kwa mdogo wangu nikaiona cherehani yangu imefunikwa kitambaa, pembeni yake sketi ya shule niliyoiacha nusu, na chini ya kitambaa umechungulia uzi wangu ule ule wa rangi ya damu ya mzee, haujatolewa, nikajua anaiona ina mkosi hata hataki kuigusa. Kuidai siwezi, kitu ukishatoa umetoa. Tangu juzi vidonge nimeviweka kando, nikonde kidogo, nisionekane tapeli. Nifanyeje?

Fundi Aliyeaga Mapema

Marahaba, Fundi. Kwanza nenda kameze kidonge cha leo, kisha urudi uendelee kusoma. Ulivyoruka usivifidie kwa kumeza viwili. Mpigie daktari umweleze ulichofanya, na usione haya, wameshasikia makubwa.

Umemeza? Haya, sasa nikugombeze. Mwalimu wako angetoa mashine zake zote na duka juu yake apate hicho kidonge unachokiweka kando kama ganda la ndizi. Nimemuuliza daktari mmoja, kaniambia dawa za zamani zilipiga chembe za mwili, nzuri na mbaya, kwa pamoja. Hii yako inakitafuta kile kinachoziamuru chembe mbovu zizaane ovyo, inakizima, basi. Wewe ukiombwa kufumua mshono mmoja ulioharibika bila kuchana gauni, unajua ni kazi ya macho na subira. Kuna watu wasiokujua waliinamia kazi hiyo miaka na miaka ili wewe leo ulalamike kwamba umenenepa. Mimi nawavulia kilemba. Ila kumbuka, ugonjwa umeshikwa, haujahama. Ukiachia dawa, utarudi na njia ya kwako unaijua.

Kuhusu aibu, pole, lakini hakuna aliyelia bure. Walikulilia kwa kuwa wanakupenda, na wakikuona wima hakuna atakayedai machozi yake. Toa shuka hilo. Mama mkwe mwambie arudishe chumvi kidogo. Mwenye kinyongo hakuletei mchuzi.

Na hiyo cherehani, mwanangu, unanishangaza. Fundi akipewa mashine iwe yake, cha kwanza hutoa uzi wa mwenzake akatia wake. Mdogo wako ni fundi, na uzi wako hajautoa. Mashine ameifunika isishike vumbi. Kesho asubuhi nenda kwake, usidai chochote. Vuta kiti, umalize ile sketi.

Shangazi