Toba kwa Niaba ya Mama

Jumatatu, 3 Juni 2024. Makwale

Nimegeuza kakao inayochachushwa kwenye sanduku, nimeifunika tena kwa majani ya mgomba. Nimemgeuza Mama pia, ubavu wa kulia. Chai. Halafu historia ya kanisa letu, ambayo Baraza linaitaka kabla ya jubilei. Sura ya pili. Nusu ukurasa tu tangu asubuhi.

Sura hii ni ya Waingereza wa enzi za Malkia Viktoria. Kanisa moja la Kianglikana, kambi mbili. Wa kwanza walitaka ubani, mishumaa, kengele, na mtu kuungama dhambi zake kwa padri, faraghani. Wa pili walitaka Biblia, wokovu, kuacha pombe, na mtu kusimama mbele za watu kusema alivyookoka. Waligombana kwelikweli. Kuna mapadri walifungwa jela kwa ajili ya mambo kama mishumaa! Kisha wakapanda meli, wakatuletea ugomvi wao hadi huku ziwani, sisi tukadhani wote ndio Ukristo. Sentensi hiyo siiweki kwenye kitabu. Baraza litanitafuna.

Mama amekula uji vijiko vitatu. Figo. Daktari mjini Kyela alisema tukamuuguze nyumbani. Hakusema siku ngapi na mimi sikuuliza. Mwoga.

Jumatano, 5 Juni

Mama ameomba mkate. Mke wangu, Tupoki, akataka kumtuma mtu dukani. "Siyo huo," Mama akasema. "Ule wa mezani."

Nilijifanya nakwenda kuangalia mpunga uani.

Niandike wazi, hapa hakuna anayesoma. Mama alibatizwa akiwa msichana. Akaolewa na Baba, aliyekuwa tayari na mke wa ndoa ya kanisani, yaani Mama Mkubwa. Kanisa likamtenga Mama na Meza ya Bwana. Baba naye wakamtenga, hakujali, alikuwa na mashamba yake. Mama Mkubwa akaendelea kushiriki, maana yeye hakuwa na kosa. Zaidi ya miaka sitini wake wenza hawa wamekwenda kanisani pamoja, njia moja, mwavuli mmoja. Mmoja anakwenda mezani, mwingine anabaki kwenye benchi. Wanarudi, wanapika jiko moja.

Mama Mkubwa aliteleza wakati wa masika, akavunjika nyonga. Tangu hapo hakuna aendaye. Wamelala vyumba vinavyotazamana na wanapiga soga kwa kupaza sauti, ukumbi mzima uko katikati. Kutwa nzima. Mambo ya watu waliokufa zamani.

Ijumaa, 7 Juni

Sijalala vizuri. Bora nilimalize.

Baba alipofariki, kizuizi kilikwisha. Padri wa wakati ule, mzee mpole wa ule mtindo wa kengele na mishumaa, alitaka kumrudisha Mama kundini kimyakimya. Aje aungame kwake, wamalize. Ndivyo ilivyokuwa desturi ya kanisa letu tangu mwanzo.

Mimi nilikuwa nimeokoka mwaka huo. Uamsho ulishuka kwetu kutoka milimani, tukalia, tukaimba, tukawa wakali kama siafu. Nikasimama kwenye Baraza nikasema dhambi iliyojulikana na wote itubiwe mbele ya wote. Nilisema vizuri, mimi ni mwalimu. Wakakubali. Katibu wa Baraza nilikuwa mimi, kwa hiyo kanuni niliiandika mimi, kwa mkono wangu, na nikapigia mstari kwa rula.

Mama akaambiwa asimame aseme ndoa yake ilikuwa uzinzi. Alinitazama. "Nitubu nini? Nikutubu wewe?"  Jumapili iliyofuata alirudi kwenye benchi lake na hakulihama tena.

Nilimzuilia mama yangu Meza ya Bwana. Nilikuwa mtu mzima na akili timamu. Wala sikumwonea haya, nilijisifu.

Jumapili, 9 Juni

Nimemfuata Padri nyumbani kwake mjini. Anahudumia makanisa manne, kwetu hutoa ushirika mara moja tu kwa mwezi, Jumapili ya nne. Nikamwonyesha nakala za barua alizoniletea binamu yangu wa Karonga, ng'ambo ya mto Songwe. Mmisionari wetu wa kwanza anaandika habari za mwanamke wa hali hiihii, mke wa pili, mjane. Alimsikiliza peke yake, akampa mkate, akafunga shauri. Ushahidi huo! Nilikuwa nimeufunga kwenye nailoni usilowe.

Padri ni kijana mstaarabu. Alisoma yote. "Mwalimu, barua hii itapendeza sana kwenye kitabu chako," akasema. "Lakini mimi nimekuta kanuni ya Baraza. Tena mwandiko ni wa kwako."

Nilirudi na pikipiki nikiwa na hasira na kila kitu. Hata na yule dereva, ambaye hakunikosea lolote.

Jumanne, 11 Juni

Baraza limekaa kwa dharura, kwa ombi langu. Nimepiga magoti kabisa. Mwenyekiti, Mzee Asegelile, tuliokoka naye siku moja. Ananipenda kwa namna yake. Akasema mgonjwa hawezi kusimama, hilo Kyala, Mungu mwenyewe, analiona. Basi mwanawe amtubie. Jumapili, ibadani, mbele ya wote. Padri aje Jumatatu na mkate.

"Ndaga," nikasema. Nikawashukuru! Nikashika mkono mmoja mmoja.

Tupoki alinisikiliza hadi mwisho. "Umemuuliza mama?"

Sijamuuliza. Nikimuuliza atakataa. Akikataa atakufa nje, na mimi ndiye niliyemtoa. Sitaki kuzeeka na jambo hilo. Huo ndio ukweli wote, na si mzuri.

Alhamisi, 13 Juni

Miguu ya Mama imevimba, ngozi inang'aa. Amekataa uji. Maji tu, ya kwenye chungu cha Ikombe, maana yale ya ndoo anadai yananuka plastiki. Akauliza kama ushirika ni Jumapili hii. Nikamwambia mkate utakuja Jumatatu, hapahapa kitandani.

Mama Mkubwa akasikia kutoka chumbani kwake. "Gwe! Umemwahidi nini mwenzangu?"

Nikajibu kwamba ni mambo ya kanisa.

"Mambo ya kanisa," akarudia, kwa sauti ya kunisuta. Nikaenda kwenye kakao. Ilikuwa haihitaji kugeuzwa.

Jumapili, 16 Juni

Nimefanya.

Katekista alipomaliza matangazo, akaniita. Mzee Asegelile alikuwa ameniandikia maneno kwenye karatasi ili nisikosee. Nilisoma. Kwamba mama yangu aliishi katika uzinzi na baba yangu. Kwamba mimi na ndugu zangu ni matunda ya dhambi hiyo. Kwamba anatubu kwa kinywa changu. Nilisoma kwa sauti ya darasani, kwa kituo na mkato. Wakaitika Amina. Wapo niliowafundisha kusoma humo ndani.

Mzee alinikumbatia huku analia. Sikusikia chochote moyoni. 

Tupoki hajanisemesha tangu tutoke kanisani. Ameweka chakula mezani na kuondoka.

Jumatatu, 17 Juni

Padri alifika saa nne. Alianza kwa Mama Mkubwa. Kwa wagonjwa wa nyumbani yeye huuchovya mkate kwenye divai na kuutia kinywani kwa mkono wake, anangoja umezwe. Akamaliza, akavuka ukumbi.

Mama alikuwa amejifunga kitambaa cheupe kichwani. Alimwomba Tupoki asubuhi. Alikuwa anautazama mkate, kisha akatutazama sisi.

"Wamebadilisha sheria?" akauliza.

Padri akanigeukia. Hawezi kusema uongo, nampa heshima hiyo. 

"Nimetubu mimi, Mama," nikasema. "Kwa niaba yako."

"Ulisema nini?"

Nikamwambia. Hakuridhika, akataka maneno yenyewe. Nikayasema yote, Padri kashika mkate hewani. Mama alisikiliza kama anayesomewa barua ya mtu mwingine.

"Basi mpe yeye," akamwambia Padri. "Ndiye aliyetubu."

Akafumba mdomo, akageukia ukutani.  Padri akafunga vyombo vyake. Mlangoni aliniambia pole, nami sikuweza hata kumsindikiza.

Jumanne, 18 Juni

Hasemi na mimi. Nikiingia anafumba macho. Maji anapokea kwa Tupoki.

Mzee Asegelile ametuma salamu kwamba kwenye rejista Mama keshaandikwa amerudi kundini. Atazikwa kwa heshima zote. Anadhani ananifariji.

Sina la kufanya. Nimezunguka nyumba mara sijui ngapi. Nimechana sura ya pili. Kambi zote mbili za Malkia nimezichana pamoja, ubani na wokovu, na haikunisaidia hata kidogo.

Jumatano, 19 Juni

Anapumua kwa shida. Hasemi na mimi.

Alhamisi, 20 Juni

Mama Mkubwa ameniita chumbani kwake. "Kaa. Siyo hapo, karibu."

Hii naiandika kama alivyosema.

"Tangu walipoanza kuutoa mkate viganjani, mimi nauvunja. Nusu nameza. Nusu naifunga kwenye pindo la kitenge. Nikifika nyumbani nampa mwenzangu. Miaka yote hiyo, gwe. Hajakosa hata mwezi mmoja, mpaka nilipoanguka."

Nikasema, "Mama Mkubwa, hilo ni kosa." Lilinitoka lenyewe! Mazoea ya ukatibu.

Alicheka hadi nyonga ikamuuma, ikabidi aishike. "Kaandike basi. Si wewe ndiye mwenye kalamu?" Halafu hakucheka tena. "Padri akija hapa ananitia mdomoni kama kifaranga. Nitamtunzia vipi? Mwenzangu aliponyamaza kuhusu mkate miezi yote hii nikajua anaumia. Aliposema mkate, alikuwa anaomba nusu yake. Kwangu. Hakukuomba ukamtukane mbele za watu."

Nililia. Nimeandika tu, sina aibu. Nililia juu ya shuka lake, mtu mzima mwenye wajukuu, naye akaniacha nilie. Hakunipapasa kichwa. Sikustahili.

Nilipoweza kusema nikamuuliza, "Jumapili ni ya ushirika. Ukibebwa utaweza?"

"Nyonga imevunjika," akasema. "Mikono mizima."

Jumamosi, 22 Juni

Mama bado yupo. Namwomba Mungu siku moja. Moja tu. Sijui hata naomba kwa kanuni ipi.

Nimepata bajaji ya jirani. Nimetandika godoro. Nimeijaribu njia na kuhesabu mashimo, yale mabaya nimeyajaza pumba na mchanga kwa jembe. Watu wamenitazama sana. Tupoki alikuja na jembe la pili bila kuambiwa.

Mzee Asegelile alipita, akasema ni jambo jema kumpeleka bibi kanisani. Nikamjibu ndiyo, Mzee. Kwa miaka yote niliyokuwa katibu nimewaita watu barazani kwa makosa madogo kuliko hili ninalolipanga.

Jumapili, 23 Juni

Kumeamka baridi, ukungu hadi kwenye mpunga. Tulimbeba Mama Mkubwa na kiti chake, mimi mbele, Tupoki nyuma. Hakulalamika njiani, alishika chuma cha bajaji tu.

Wakati wa ushirika nikamsogeza mbele. Padri akamwekea mkate kiganjani. Nilikuwa nimesimama karibu kabisa, hivyo niliona vidole gumba viwili vikifanya kazi yao, haraka, vimezoea. Kinywa kikatafuna. Mkono wa kushoto ukashuka kwenye kitenge. Padri alikuwa amekwisha kupita kwa mwingine. Mimi sikwenda kupokea. Nilikuwa na kazi ya kushika kiti.

Hatukungoja salamu za nje. Niliendesha polepole.

Mama alikuwa macho. Tulimwingiza Mama Mkubwa chumbani kwa Mama na kukiweka kiti ubavuni mwa kitanda, magoti yake yakigusa godoro. Hawakusalimiana. Mama Mkubwa alifungua pindo. Nusu ya kile kimkate cheupe, na uzi mmoja wa kitenge umenata juu yake. Akautoa uzi.

"Mwenzangu," akasema.

Mama akafungua kinywa.

Ilichukua muda kumeza. Tupoki alileta maji. Baadaye Mama alinitazama, mara ya kwanza tangu Jumatatu, wala hakufumba macho.

Nje watu wa kanisani walikuwa wanapita njiani, nikasikia sauti ya Mzee Asegelile akiuliza kama tupo. Mama Mkubwa akaniambia nifunge mlango. Nikafunga, nikabaki ndani.