Posa ya Vikombe Saba

Mjukuu wangu Sumaiya,

Huku Ghubra sote wazima, alhamdulillahi. Mama yako kaipaka sebule rangi tena. Mimi ndo situlii. Tangu uniulize, wewe unayesomea televisheni huko Uingereza, maneno yanayokumbukwa na watu huandikwaje, nnazunguka nyumba nzima.

Nilikuwa kijana, nimetoka Unguja juzi tu kuja huku Uarabuni, nnamwandikia tamthilia mtayarishaji wa Kiingereza, mzee aliyeanza kazi kwao televisheni ilipokuwa changa. Tulirusha moja kwa moja, bila ya kurikodi. Onyesho lenyewe lilikuwa posa: kijana anywe kahawa kikombe kimoja, aseme haja yake. Lakini aliyemcheza kijana naye ni wa Unguja, hakujua kuwa hapa ukitosheka unatikisa kikombe. Mwenye dele la kahawa akamimina. Kijana akanywa. Akamiminiwa tena. Kufika cha saba nikataka kukata matangazo, Mwingereza akanishika mkono: "Ngoja." Ndipo mzee aliyecheza baba wa binti kikamponyoka kicheko, akasema: "Mpeni mke. Huyu hakatai kitu."

Mji mzima ukalishika neno lile. Mpaka leo wananipongeza dukani, nami nnasema ahsante. Mwingereza alijua, na kila asubuhi aliniuliza: "Na leo umeandika nini?" Nimeandika miaka yote hii, sijalifikia neno lile.

Mama yako anajivunia sana sentensi ile. Mwambie wewe kuwa si yangu. Mimi kila nikimwita nimwambie, nnaishia kumuomba chai.

Bibi yako