Tone Lililomuumbua Shangazi

Dada Salma,

Hujambo na wanao? Joto la Mahajanga linayeyusha hata gundi ya stempu, ila mimi mzima.

Mtaani Mahabibo kulikuwa na harusi: bwana wa hapa, bibi wa kisiwa cha Nosy Be. Baadaye wageni wa pande zote wakashikwa na homa ya matumbo. Shangazi wa bwana harusi akatangaza mtaa mzima kwamba watu wa Nosy Be ni wachafu, mpaka talaka ikatajwa.

Maabarani kwetu tukaotesha vijidudu vya kila mgonjwa, tukavidondoshea virusi mbalimbali vinavyoshambulia vijidudu tuone vipi vitaviua, maana hivyo ndivyo ukoo wa kijidudu unavyojulikana. Vyote vilikufa kwa tone lilelile. Tukapima na wapishi. Ukoo uleule ulikuwa kwa shangazi, buheri wa afya, maana mtu huweza kuubeba bila kuugua; naye ndiye aliyekamua ukwaju wa sharubati kwa mikono yake, kama heshima ya shangazi inavyotaka.

“Basi walioniambukiza ni wao!” akanijibu kwa Kikomoro, ndugu wa Kiswahili chetu, nami nikamwelewa vizuri mno.

Alhamisi kuna karamu ya suluhu. Ameapa kunikamulia ukwaju mwenyewe.

Mwambie Mama siku hizi nafunga Alhamisi. Atafurahi; usimweleze sababu.

Nduguyo akupendaye,
Hamidu