Hosta Zako za Nyuma ya Jikoni

Mama Wangari,

Msichana wako yuko njiani kutoka Nairobi, amefika Kenol. Amenipigia sasa hivi, anakunywa chai, halafu anakuja moja kwa moja hadi hapa Ruring'u. Nina kama saa moja unusu. Nakuandikia kwa sababu kuna jambo lazima nilitoe kifuani kabla sijamtazama usoni, na wewe ndiye niliyezoea kumwambia mambo yangu.

Nimeua hosta zako.

Si zote. Zilikuwa kumi na moja, maua yako ya majani mapana, pale kivulini nyuma ya jikoni yako. Zimebaki nne, na hizo nne sijui kama ni za kuitwa hai. Wangari anakuja kuzichukua akazipande kwenye kaburi lako kule Naro Moru, vile ulivyoomba, maana ulisema maua ya plastiki yasikukaribie. Siku ya mazishi nilisimama mbele ya mchungaji na jamaa zako wote, mimi mwalimu mstaafu kutoka Busia, nikasema niachieni hosta, nitazitunza mpaka udongo wa kaburi utulie. Kimbelembele changu hicho. Mdomo uliponza kichwa.

Na siwezi kusema sikujua. Ile wiki ya kwanza nilipohamia nyumba ya jirani yako uliniambia, "Mwalimu, hii si sukuma. Weka kidole kwa mchanga. Ikitoka kavu, mwagilia. Ikitoka na matope, enda upike chai." Wewe ulikuwa unamwaga chini kwenye shina, asubuhi, majani huyagusi. Nilikucheka. Nilisema kwetu maua hayana masharti mengi kama wakwe.

Lakini baada ya kukuzika nilianza kumwagilia kila asubuhi. Halafu asubuhi na jioni. Mvua ya masika ilipoanza, bado nilitoka na kopo, nimevaa koti la mvua, majirani wakinichungulia. Majani yakageuka manjano, nikasema hii ni kiu, nikaongeza. Alhamisi nilishika shina moja likabaki mkononi mwangu bila mzizi, na harufu ikanipiga, ile ya viazi vilivyooza kwenye gunia.

Unajua kwa nini nilifanya hivyo. Usinilazimishe kuandika.

Haya, naandika. Mwezi ule wa mwisho figo zako zilipokataa kazi, daktari alisema kikombe kimoja kidogo cha maji asubuhi na kimoja jioni, basi. Wangari alikuwa kazini Nairobi, mimi ndiye nilikaa nawe mchana. Ukaniomba maji. Nikakataa. Ukaniomba tena, midomo imepasuka, ukaniangalia ukasema, "Mwalimu, hata maua unapatia maji." Nikatoka nje nikajifanya naanua nguo. Kila mtu ananiambia nilifanya vizuri, na sitaki kusikia neno hilo tena.

Ubaya wangu wa pili ni huu. Kila Jumapili Wangari aliniandikia kwenye simu: hosta ziko aje, nitumie picha. Nikatuma. Nilituma picha za mwaka jana, Mama Wangari, nilizopiga ukiwa bado unatembea. Mimi niliyewaadhibu watoto wa watu kwa kuibia mtihani. Zilikuwa na majani mapana, yenye ukingo mweupe, na yeye anajibu asante Mwalimu, Mungu akubariki. Kila nikisoma hiyo baraka naifunika simu mezani.

Jana nilizichimbua zote. Nilikata sehemu nyeusi kwa kisu cha nyanya, nikapaka majivu palipokatwa, nikazitandaza kwenye gazeti kivulini zipate kukauka. Nne bado zina mizizi myeupe, migumu. Moja imetoa kichipukizi kidogo kama ncha ya penseli. Tangu asubuhi nimetoka kukiangalia mara sita, na mikono yangu inataka kushika kopo, naikalia.

Gari limesimama langoni. Ni yeye.

Nimerudi. Wangari ananawa mikono bombani, nina dakika chache.

Nilimwambia kabla hata hajaingia. Kuoza, uongo, picha, yote. Nilikuwa nimejiapiza sitalia, nisije nikamlazimisha kunibembeleza. Akatoa simu, akafungua picha moja, akaikuza kwa vidole. Pembeni, nyuma ya majani, kuna mguu wako ndani ya ile ndara ya bluu. Nyingine ina pindo la sweta yako. Mimi sikuwahi kuona.

"Nilijua kutoka ile ya kwanza," akasema. "Nilikuwa nangoja Jumapili ifike, nitafute Mami yuko wapi kwa picha."

Hapo nililia, na yeye akalia, tumesimama kwa matope niliyoyatengeneza mwenyewe.

Habari ya kikombe sikumwambia. Hiyo si yake. Hiyo ni yangu na wewe.

Ameziweka nne kwenye katoni, ameifunga na leso. Ameniambia nivae viatu, twende Naro Moru pamoja, kwa hivyo leo nitafika ulipo. Nakuahidi nitazipanda kwa mkono wangu, na baada ya leo hakuna tone litakaloingia kabla ya kidole. Zikikataa, nitamwambia Wangari siku hiyo hiyo.

Lakini mche ukihamishwa lazima upewe maji ya kwanza, wewe mwenyewe ulisema. Nitamimina kopo moja zima, pole pole, na Wangari atafikiri ni la maua. Kwaheri, rafiki yangu. Hilo ni lako. Kunywa ukate kiu.

Mwalimu