Gari Sebuleni Kaloleni

Kaloleni, Kisumu
Jumapili mchana

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Na Mama umpe shikamoo yake kabla hujaketi kusoma, asije akasema nimemsahau. Mnaendeleaje huko Wundanyi? Baridi imepungua, au bado mnakoka moto jikoni mpaka jua lipande? Na mguu mpya wa bandia umekukubali? Mama aliniambia ukiwa nyumbani unauvua na kuuegemeza ukutani kama mwavuli. Uvae, Baba, hata kama ni kidogo kidogo, ngozi izoee.

Mimi ni mzima, nashukuru Mungu. Kazi ya kukagua samaki inaendelea, na joto la huku nalo linaendelea. Nimeamua kuandika kwa sababu habari niliyo nayo ni ndefu, na wewe kwenye simu hunikatiza kabla sijafika katikati ukaniuliza kama nimekula. Nimekula, Baba. Ugali na omena. Sasa soma taratibu. Habari yenyewe inahusu gari, lakini usishtuke. Hakuna aliyeumia.

Unamkumbuka Akinyi, yule fundi wa simu tunayeishi naye nyumba moja? Alinunua mashine ya gemu kutoka kwa mteja wake aliyekuwa anahamia Eldoret. Ni kisanduku cha kuunganisha na televisheni, na pamoja nacho kuna miwani mikubwa kama ya mtu wa kupiga mbizi. Hiyo miwani ndiyo maajabu. Ukiivaa, sebule yetu inapotea. Unajikuta mahali pengine kabisa, na ukigeuza kichwa unaona kilicho kando yako, ukitazama juu unaona mbingu ya huko. Wenyewe wanaiita VR.

Jumamosi ya kwanza tulitoa kochi nje barazani ili tupate nafasi. Jirani yetu Mama Zuhura, ambaye babu yake alikuja Kisumu kutoka pwani na kwa hiyo huniita "mtu wa kwetu", alituona akaja mbio.

"Mnahama bila kuniaga?"

"Hatuhami, Mama," Akinyi akamwambia. "Tunatafutia gemu nafasi."

"Gemu gani hiyo inataka nyumba nzima?"

Na ni kweli inataka. Kwanza unajichorea mstari wa mpaka sakafuni, na ukikaribia kuuvuka wakati unacheza, mistari inakutokea mbele ya macho kukuonya. Mimi nilidharau hiyo mistari. Akinyi alinianzishia mchezo wa kupiga mipira ya rangi inayokuja kwa mdundo wa muziki, nikapiga moja, mbili, nikapata moto, na ya tatu ilikuwa chupa ya chai. Ilivunjika vipande, Baba, na mimi ndani ya miwani nikadhani ni sauti ya gemu, nikaendelea kupiga.

"Yawa! Wakesho, simama! Unatumalizia nyumba!"

Tulicheka mpaka tukakaa chini.

Nilidhani kuvaa tu kunatosha, kumbe kuna kujifunza. Mara ya kwanza maandishi yote yalikuwa na ukungu, mpaka Akinyi akanionyesha kisogoni pa kukaza na pembeni pa kusogeza vioo vifuate macho yangu. Kisha vioo vikashika mvuke kwa sababu ya joto, ikabidi tuwashe feni inipulize usoni. Na hiyo feni ilinisaidia kwa lingine pia, maana mwanzoni kichwa kilizunguka nikataka kutapika. Akinyi aliniambia wageni wote hupata hivyo. Mwili umekaa, macho yanasema tunatembea, basi tumbo linakasirika. Dawa ni kuanza na michezo ya kusimama mahali pamoja, na mara unapoanza kutoka jasho unavua, hata kama unashinda. Usijikaze. Nilifuata hivyo, na baada ya wiki kama mbili tumbo langu likakubali.

Hapo ndipo Akinyi akaniwekea mchezo wa magari.

Sasa Baba, hapa nataka nikuambie jambo ambalo hatujawahi kuliongea. Unajua nilikuwa sijawahi kushika usukani. Kazini, meneja alikuwa ananitaka nisimamie kituo kipya cha kupokea samaki kule Luanda Kotieno, pale feri ya Mbita inapoondokea. Cheo kizuri, na ningekuwa mkubwa wa pale. Lakini msimamizi lazima aendeshe pikapu ya barafu mwenyewe, basi nikasema sitaki. Niliwaambia sipendi kukaa mbali na mji. Ukweli ni kwamba kila nikikaa kwenye kiti cha mbele cha gari, hasa barabara ikiteremka, mikono yangu inakufa ganzi. Unajua tangu lini.

Nilipovaa miwani nikajikuta kwenye kiti cha dereva. Usukani mbele yangu, kioo cha kuonea nyuma, mlango kulia. Nikageuza kichwa kushoto nikaona kiti cha abiria, kitupu. Pale ndipo nilipokuwa nimekaa siku ile. Nilivua miwani nikaitupa mapajani.

"Nini?" Akinyi akauliza. "Kichwa?"

Nikamweleza. Nilimweleza yote: lori la kabichi, mteremko wa kwenda Mwatate, breki ulizokanyaga zikazama bila kushika, na jinsi ulivyoacha kuongea. Akinyi alisikiliza, kisha hakuniambia pole. Aliniambia, "Sawa. Kaa tu ndani. Usiwashe. Hiyo gari haiendi mahali kama hujaiambia."

Basi siku hiyo nilikaa tu. Ndani ya gari lililozimwa, sebuleni Kaloleni, nikitazama dashibodi. Jumapili iliyofuata baada ya kanisa nikaliwasha. Nyingine nikaliendesha kwenye barabara iliyonyooka, polepole hata Akinyi akasema amechoka kuangalia, ng'ombe wa kwao Sondu wangenipita. Siku moja nikagonga mti. Nikangoja maumivu, na hakuna kilichotokea, gari likanirudisha barabarani likiwa zima. Baba, nilicheka kama mwendawazimu! Nikaugonga tena makusudi. Nikatumbukia mtoni. Nikapindua gari likakaa miguu juu. Siku niliyoporomoka kwenye korongo nilipiga ukelele mpaka Mama Zuhura akaingia ndani na mwiko mkononi, uji bado unachuruzika.

"Jamani, nani anamuua mtoto wa watu?"

Akinyi alimvisha miwani naye aone. Alishika ukuta kwa mkono mmoja, akasema, "La ilaha! Kuna barabara hapa," akakataa kuivua mpaka uji wake ukaungua jikoni.

Polepole nikaanza kuteremka milima. Na kuna barabara moja kwenye ule mchezo, Baba, ambayo ni kama ya kwetu. Mlima kulia, bonde kushoto, kona baada ya kona. Nilipoizoea, nikapata wazo nisilojua lilikotoka. Nikataka kufanya ulichofanya wewe.

Maana nilikuona. Hujawahi kuniuliza, na wote nyumbani mnadhani nilikuwa nimefumba macho. Sikufumba. Nilikuona ukinitazama mara moja, kisha ukakata usukani kulia, ukaliegemeza lori kwenye ukingo wa mlima kwa mlango wako. Hukuugonga kwa pua, ambapo tungeumia wote. Uliliburuza kwa upande wako mpaka likasimama, na mguu wako ukabaki pale. Lakini miaka yote nimekuwa nikidhani mikono yako ilivutwa tu na lori lililokuwa linakwenda lenyewe.

Basi nikashuka kwa kasi sebuleni mwetu, na nilipofika penye ukingo nikajaribu kukata kulia. Mikono ikakataa. Ukuta ulipokaribia bega langu ikageuza yenyewe kushoto, gari likaenda bondeni. Nikarudia. Ikakataa tena. Najua ni mchezo, najua nimekaa kwenye kiti cha plastiki na feni inanipulizia, najua ule ukuta haupo, na bado mwili wangu haukukubali kuusogelea. Nilijaribu Jumapili nzima. Sikuweza hata mara moja.

Nikavua miwani nikalia, Baba. Kilio cha furaha, usimwambie Mama kikamtia wasiwasi. Maana nimesikia ukisema na wageni, "Mimi ndiye niliyekaribia kumuua mtoto wangu." Nimekusikia ukisema hivyo barazani, ukidhani niko shambani. Sasa mimi nimekaa kwenye kiti chako, nimeona ulichoona, na nakuambia si kweli. Lori lile halikwenda lenyewe. Lilishikwa na mtu aliyejua anachofanya, na mtu huyo hakuwa anajifikiria. Naomba usiseme tena vile.

Nilikwenda shule ya udereva wiki hiyo hiyo.

Nisikudanganye kwamba gemu ilinifundisha kuendesha. Mwalimu wetu, mama mmoja mwenye sauti ya mhubiri, alinicheka siku ya kwanza kwa sababu gari lilizimika kila nilipoachia klachi. Okoth, dereva wetu kazini, ambaye ni mzee wa maneno machache na soda nyingi, alikubali kunipa mazoezi zaidi kwenye uwanja wa nyuma ya stoo. Yeye naye alisema, "Madam, hii gari si ya TV. Hii iko na klachi, na ukigonga ukuta, ukuta anakasirika." Lakini woga ulikuwa umepungua, na klachi ni kitu cha kujifunza tu. Mtihani niliupita. Leseni ninayo. Imo kwenye pochi yangu nikiandika, na nimeshaitoa kuiangalia.

Alhamisi iliyopita tulipeleka samaki Kericho, mimi na Okoth. Wakati wa kurudi mvua ilikuwa imenyesha kwenye mashamba ya chai, na barabara ya kuteremkia Sondu ilikuwa inang'aa. Okoth akasimamisha pikapu kandoni, akashuka, akazunguka, akafungua mlango wangu.

"Leo teremsha wewe."

"Hapana, Mzee. Si leo. Mvua hii?"

"Mvua iko kila siku huku. Ukingoja ikauke, utakuwa nyanya ya mtu." Akaketi kwenye kiti changu, akafunga mkanda.

Baba, nilizunguka nikaingia. Mikono ilianza kufa ganzi. Nikafanya kama siku ile ya kwanza sebuleni: nikakaa tu, nikaangalia dashibodi, nikaangalia vioo. Kisha nikawasha. Niliteremka na gia ya pili, kama ulivyokuwa ukiniambia lori lishushwe, breki zipumzike, injini ndiyo ishike. Kona ya kwanza nilipita nikiwa sijapumua. Ya pili nikapumua. Kwenye ya tatu lori la majani chai lilikuja likipanda, pana, limeacha nafasi ndogo upande wangu, nikapunguza, nikashika upande wangu, tukapishana. Dereva wake akanipigia honi ya salamu. Salamu, Baba, kama ile mliyokuwa mkipigiana wewe na wenzako!

Nilimtazama Okoth nimwambie, "Umeona?" Alikuwa amelala. Kichwa kimeegemea kioo, mdomo wazi. Mtu ambaye hajawahi kumwachia mwingine usukani barabarani, amelala mlimani kando yangu. Sijawahi kupewa sifa kubwa kama hiyo. Nilifika Sondu nikavuka daraja nikiwa naimba, na nikamwamsha tukiwa tumeshaipita Ahero.

Kesho yake nilimwona meneja nikamwambia nataka Luanda Kotieno. Akauliza, "Si ulisema hupendi kukaa mbali na mji?" Nikamwambia nimebadilika. Nahamia huko mwezi ujao.

Sasa sikiliza habari iliyonifanya nishindwe kungoja kukuandikia. Akinyi amekubali nije na mashine Krismasi. Inaingia kwenye begi vizuri. Tutatoa kochi la Mama nje, mwambie mapema asigombe. Na nimeshaangalia kila kitu, nimejaribu mwenyewe miguu ikiwa nimeinyanyua juu ya stuli. Kuna vishikio viwili vya mkononi: mafuta unabonyeza kwa kidole cha kulia. Breki ni kidole cha kushoto. Usukani unageuza kwa mikono miwili. Mguu hauhitajiki, Baba. Hata mmoja.

Utaendesha. Nitakuwashia feni, nitakukazia miwani, nitakaa kando yako. Na kama utataka barabara iliyonyooka, tutachagua hiyo.

Nisalimie Mama sana, mwambie kitenge chake nimekipata. Kaka Mwakio mwambie aache kuniita mwoga mbele ya mkewe, aje anione na leseni. Shangazi wa Mwatate mpe salamu, na yule mjukuu wake aliyezaliwa mwaka huu mpakate kwa niaba yangu. Mama Zuhura anakusalimu. Anasema amekwisha kukushinda kuendesha gari, na atakupa mawaidha ukitaka.

Akinyi ananiita tule. Nabaki mimi, mtoto wako aliyekuwa ameketi upande wa kushoto,

Wakesho