Kesi Imehama, Birika Limebaki

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako, lakini kabla ya msaada naomba ijulikane rasmi, kwa wasomaji wote na kwa yeyote atakayehusika, kwamba birika la bluu lililobaki jikoni kwa mume wangu ni langu.

Mimi ni msusi, mume wangu ni fundi redio, na mtu huyu mshauri hanipigi wala hanitukani, ila hasemi, ukimuuliza utakula sasa au baadaye anaguna, ukimwambia paa linavuja anaguna, kitandani zimejaa redio za watu zimetolewa matumbo, na mimi nashinda na umbea wa wateja nikirudi nyumbani nauhadithia ukuta, basi siku moja nikabeba begi nikaenda kwa dada yangu, mji mwingine kabisa, na huko huko nikafungua kesi ya talaka, dada kanishika mkono nisije nikageuka.

Nilijua ataguna tu. Kumbe akaomba kesi ihamishiwe mahakama ya kule kwetu, tukaitwa mbele ya jaji wa Mahakama Kuu, na hapo yule bubu akafunguka kama bomba lililopasuka, akasema mashahidi wote wako kule, akasema mgongo unamuuma hawezi safari ndefu (mgongo! mimi mkewe sina habari), akasema na mdai naye akija kwenye kesi hatahangaika na malazi kwa sababu mto wake haujaguswa, mpaka jaji akamwambia, "Mzee, umeulizwa mashahidi, hujaulizwa mito." Maombi yakakubaliwa.

Sasa kila kesi ikitajwa nasafiri siku moja kabla, nafikia kwangu, yaani kwake, mimi nalala chumbani yeye sebuleni, redio zimehamia chini ya meza, nikipiga hodi anaitika, "Karibu, mdai," nami najibu, "Nimekaribia, mdaiwa," tunaibishania kesi mpaka chai inapoa, na anauliza maswali mshauri, yeye mwenyewe, kwa mdomo! Jumamosi iliyopita nilikwenda tena kuulizia jalada, tukacheka mpaka jirani akagonga ukuta. Dada amenuna, anasema niombe kesi irudishwe mahakama ya kwake la sivyo nitafute pa kulala, na tarehe ijayo mashahidi wanaanza kusikilizwa. Niombe irudi, au niiache huko huko?

Mdai Aliyechoka na Safari

*

Mdai uliyechoka, pole kwa safari, ingawa barua yako haina jasho hata tone.

Nimeisoma nikimtafuta mtu anayetaka talaka, na nimempata mmoja tu: dada yako. Wewe umehama, kesi imehama, redio zimehama, ila birika liko pale pale jikoni kwa mdaiwa. Mwanamke anayeondoka kweli hutanguliza birika, begi hufuata.

Na mumeo huyo! Kimya kingi kina mshindo, lakini mshindo wa kwake ulisubiri jaji. Ila na wewe jiulize, mwenzangu: mtu anaumwa mgongo ndani ya nyumba moja na wewe, habari unazipata mahakamani. Umewahi kunyamaza kidogo akapata upenyo?

Sasa acha kucheka unisikilize. Mahakama si kijiwe. Mashahidi wakishaanza kusema, hakimu hatajua kwamba nyinyi mnataniana. Atapima alichosikia, na utatoka mle ndani mtalaka halali huku chai iko jikoni inawasubiri wawili. Yakishamwagika hayazoleki, na hayaulizi nani alikuwa anatania.

Kwa hiyo achana na habari ya kuhamisha. Kesi umeifungua wewe, na wewe ndiye wa kuomba kuiondoa. Lakini usiiondoe bure, maana ulikimbia jambo la kweli. Kaa naye, mweleze: "Mimi ulinikimbiza ukimya. Kesi ikiisha, utarudi kuguna?" Kisha ufunge mdomo. Najua ni kazi nzito kwa msusi, jikaze. Akijibu kwa maneno ya mtu mzima, nendeni wote wawili kwa karani wa mahakama kabla ya tarehe hiyo, mkaulize utaratibu wa kuondoa shauri, na mkitoka hapo apitie hospitali na huo mgongo. Akiguna, kesi iendelee, na siku hiyo hiyo ubebe birika lako.

Dada yako mwambie wewe mwenyewe, tena mapema, uso kwa uso. Alikupokea ukilia, usimfanye mjinga kwa kucheka kwako. Mwambie unamwendea mumeo. Hiyo ya kuulizia jalada usiirudie tena mbele yake, wala mbele yangu.

Jumamosi mahakama haifunguliwi.