Salamu Niliyoinyima Jibu

Dada Akiru, ejok.

Joto la Kakuma linafanya kila kitu kielee, hata jela yetu ya mabati. Tunaigiza filamu kuhusu jaribio ambapo watu wa kawaida waligawanywa, hawa wafungwa, hawa askari. Mimi ni askari, na nimekatazwa kuitikia salamu. Mzee Lokwang, mfungwa wangu, husema "Ejok" kila akipita. Siku tatu mdomo wangu uliitika wenyewe, tukarudia upya. Jana alinisalimu, nikamtazama tu, kama naota. Mwongozaji akasema, "Hapo sasa."

Jioni tukala mbuzi pamoja. Mzee akanipa nyama, salamu hakunipa.

Nikifika Lodwar nitabisha mlangoni kwako. Nisalimie, na usifungue mpaka niitike.

Kaka yako akupendaye,
Ekai